Nje ni pa Antoni

Kabwe, Zambia
9 Februari 1997

Mama yangu Nyanjura,

Leo ni miaka thelathini na minne, miezi minne na siku ishirini na sita tangu nipande meli pale Nansio. Nimehesabu kwa kalenda, sikukisia, maana barua yako ndiyo iliyonifanya nihesabu. Uliiandika mwezi wa kumi na moja na imenifikia juzi ikiwa na mihuri minne, mmoja wa mji ambao sijui ilikwenda kufanya nini huko.

Umeandika shikamoo mara mbili, mwanzo na mwisho. Nami naitika mara mbili, marahaba na marahaba tena. Usishangae nikikuita mama. Jina ulilopewa ni la mama yetu, na kwa kuwa wewe sijawahi kukuona, kila nikiliandika nauona uso wake.

Huku hatujambo. Mke wangu alifariki mwaka 1991, nadhani habari ziliwafikia. Binti yetu Precious ni muuguzi mjini Kitwe. Ana mtoto wa miaka sita anayekataa kula samaki, na mimi babu yake nashindwa kumwelewa. Nimestaafu, lakini kwenye kiwanda cha uchapaji cha misheni bado wananiita siku tatu kwa juma, kwa kuwa hawana mwingine anayejua kujalidi vitabu kwa uzi. Vya siku hizi vinabandikwa kwa gundi. Ukivisoma mara ya pili vinakutawanyikia mapajani. Wakipata daftari la ubatizo la mwaka 1920 lililoachana, wananitafuta. Nalishona, na kabla sijalirudisha nalisoma. Hivyo ndivyo nilivyosoma karibu kila kitu nilichosoma maishani.

Sasa nije kwenye uliyoniandikia. Unasema unatengeneza filamu juu ya baba yako, kwamba ndiye pekee aliyebaki ufukweni petu anayejua kushona mtumbwi wa mbao kwa kamba bila msumari hata mmoja. Ameanza mmoja na amekwama, kwa sababu kazi hiyo inataka watu wawili, mmoja ndani na mmoja nje. Unaniomba nije nikae nje kama zamani, nimalize naye, nawe upige picha.

Nimefurahi kupita ninavyoweza kuandika. Nina maswali. Mbao ni za mti gani? Kamba amesokota mwenyewe? Asikubali kudanganywa na nailoni, inateleza na haivimbi. Ukindu ulowekwe siku nne, si tatu, na usianikwe juani.

Neno moja juu ya kazi yako, nawe unisamehe, maana mimi ni msomaji na filamu sizijui. Umeandika "maisha yanayotoweka". Mtumbwi wa kushonwa haukutoweka kama ukungu. Uliachwa. Wa misumari unakwisha kwa siku tisa na wa kamba kwa miezi miwili, na watu walikuwa na watoto wa kulisha. Ukimwonyesha baba yako kama mtu aliyesahauliwa na wakati atakasirika, na atakuwa na haki. Alichagua kazi ya polepole. Onyesha alivyochagua.

Msalimie sana kaka Masatu. Mwambie nimesoma.

Baba yako mdogo,
Antoni Bwire


Mkuyuni, Mwanza
20 Aprili 1997

Shikamoo Baba mdogo,

Barua yako nilikabidhiwa Jumatatu ya Pasaka nikitoka Igoma kupiga video ya harusi. Nilikuwa bado nimebeba kamera begani, nikaisoma nimesimama stendi mpaka gari likaniacha. Sikujutia. Harusi ndizo zinazonilisha, Baba mdogo. Harusi na vipaimara. Kaseti zinazobaki ndizo ninazovuka nazo kwenda Nansio kwa baba.

Mama anakusalimu. Kuku wake wote walikufa kwa kideri, ameanza upya na bata, na bata hao wanalala ndani ya mtumbwi wa baba kana kwamba walijengewa wao.

Majibu yako: mbao ni mvule. Ukindu amesokota mwenyewe. Nilipomsomea habari ya siku nne akasema, "Antoni anataka kunifundisha? Mwambie mimi naloweka tano."

Umeniambia nionyeshe alivyochagua. Nimelifikiria sana neno hilo. Mimi si mtu wa maswali. Naweka kamera juu ya miguu yake mitatu, nakaa kando, nasubiri. Siku ya kwanza baba alivaa shati la kanisani akawa anafanya kazi kama anayehutubia. Siku ya pili akauliza kama mashine inakula umeme hata asipofanya kitu. Siku ya nne akasahau kwamba nipo. Nina dakika arobaini anasokota kamba tu, na nyuma yake magugu maji yanasogea taratibu mpaka yanafunika maji yote, na yeye hageuki. Nilimpelekea mtu wa shirika moja Dar es Salaam linalosaidia filamu. Alitazama dakika sita akaniuliza, "Dada Dorcas, tatizo linaanza lini?" Akataka niweke ngoma na sauti ya mwanamume wa kueleza. Nilimshukuru nikachukua kaseti yangu.

Hapa Mkuyuni kwenye kibanda cha video nao waliomba niwaonyeshe. "Stelingi nani?" Nikasema huyo mzee. "Anapigana na nani?" Nikasema na kamba. Walicheka, lakini wawili walikaa mpaka mwisho.

Baba mdogo, hukujibu kama utakuja.

Imebaki mbao moja ya juu, upande wa kushoto. Nilimletea baba fundi anaitwa Ngosha, ana karakana ya mitumbwi ya misumari kule Igoma, mtu wa utani lakini mikono yake safi. Alipofika tu akasema, "Mzee Masatu, huu ni mtumbwi au gauni la harusi?" Baba akamjibu, "Gauni la harusi huvaliwa siku moja. Nimesikia na mitumbwi yako ni hivyo." Ngosha alicheka mpaka akakaa chini. Wakala ugali pamoja, wakapendana. Lakini nilipomwambia baba, basi Ngosha akae nje mumalize, alikunja uso. "Nje ni pa Antoni," akasema, na hapo mazungumzo yakaisha.

Kuna jingine. Unajua baba ana jicho moja, la kushoto alichomwa na mwiba kabla sijazaliwa. Sasa hili lililobaki lina mtoto wa jicho. Daktari wa hapa mjini anasema linaweza kupasuliwa. Baba anasema hapasuliwi mpaka mtumbwi uingie majini, ili upasuaji ukiharibika awe amemaliza. Kila nikivuka naona anaona pungufu. Mwezi uliopita alinitambua kwa sauti.

Nakuomba uje kabla ya mvua za vuli.

Mwanao,
Dorcas Nyanjura


Kabwe
15 Juni 1997

Mama Nyanjura,

Nimepokea, na nimecheka peke yangu habari za bata. Huku ni baridi, na asubuhi vidole vyangu vinachukua muda kukubali sindano. Mjukuu amekubali kula samaki mmoja, wa kopo.

Umeuliza kama nakuja. Pasipoti yangu ilikwisha muda mwaka 1989. Goti la kulia halikunji vizuri, na kwa treni na mabasi ni siku tano. Kiwandani nina madaftari kumi na mawili ya jimbo yanayonisubiri. Haya yote ni kweli, unaweza kumsomea baba yako.

Lakini hakuna sababu mtumbwi usimame. Mkono wa nje si siri, ni mazoea tu, nami nitakueleza jinsi tulivyofanya, nawe umfundishe Ngosha au yeyote baba yako atakayemkubali.

Watu hawa wawili hawaonani. Kati yao kuna mbao. Wa ndani anatafuta tundu kwa kidole cha shahada, anahakikisha liko wazi na matundu ya mbao mbili yamekutana. Wa nje ana sindano ya chuma ya urefu wa shibiri moja, yenye kamba. Anaisukuma kwa kiganja, na kwa nguvu, kwa sababu ukindu mbichi unabana. Wa ndani anaipokea, anavuta, anairudisha kwa tundu linalofuata. Kwa kuwa hawaonani na upepo wa ziwa unachukua maneno, wanazungumza kwa kugonga mbao. Mara moja ni kusema nimevuta, imekaza. Mara mbili, legeza. Mara tatu, ondoa kidole, sindano inaingia. Wa nje hasukumi kabla ya kugonga mara tatu. Hata akiwa na haraka, hata akiwa na hakika, hata akiwa ameshafanya mara elfu moja siku hiyo.

Na kwa wa ndani: USIWEKE JICHO PENYE TUNDU. Ni kidole tu. Tuliambiwa hivyo kabla hatujaruhusiwa kugusa mbao.

Kwa filamu yako, kama unataka ushauri wa mtu asiyejua, rekodi mlio huo wa vidole vinavyogonga mbao. Nimesoma vitabu vya wasafiri walioeleza mitumbwi ya ziwa letu, urefu wake, rangi yake, idadi ya wapiga kasia. Hakuna hata mmoja aliyesikia kwamba inazungumza wakati inashonwa. Walifika siku zote imeshamalizika.

Wasalimie wote.

Antoni


Nansio
7 Septemba 1997

Shikamoo Baba mdogo,

Naandikia hapa Nansio nikingoja meli, imechelewa saa nne. Mama mzima, bata wameongezeka. Shangazi Agutu wa kule Mara alikuja kututembelea akaondoka na wawili.

Nilimsomea baba barua yako tukiwa tumekaa juu ya mabaki ya mvule. Nilipofika kwenye kugonga, akaanza kugonga goti lake kwa kidole, moja, mbili, tatu, anatikisa kichwa. "Ehe. Ndivyo. Hajasahau, mshenzi huyu." Unisamehe, ndivyo alivyosema, na alikuwa anacheka. Nikafika penye herufi kubwa. Kidole kikasimama juu ya goti.

"Soma tena hapo."

Nikasoma tena.

"Ameandika hivyo hivyo?"

"Hivyo hivyo baba. Kwa herufi kubwa."

Akanyanyuka, akapapasa njia mpaka majini, akasimama na suruali yake inalowa. Nilitaka kumfuata, mama akaniambia, "Mwache." Aliporudi akasema, "Mwandikie Antoni kwamba ule mwiba ulishakwisha zamani."

Kamera ilikuwa inafanya kazi wakati wote huo. Nimeitazama kaseti hiyo mara nyingi. Anasimama na maji magotini dakika kumi na moja. Siwezi kuikata hata sekunde.

Baba mdogo, mimi kazi yangu ni kutazama. Mahali wanaposhonea mitumbwi ni mchanga na mawe matupu, ndivyo palivyo hata kwenye picha ya zamani ya baba akiwa kijana. Mwiba ulitoka wapi?

Kama swali hili si la mtoto kuuliza, nifokee, lakini uniandikie.

Nyanjura


Kabwe
30 Novemba 1997

Mama,

Precious amehamishiwa wodi ya watoto. Mvua imeanza kwa nguvu kupita kawaida, na kiwandani tumehamisha karatasi zote juu ya meza.

Swali lako nimelisoma. Nimeandika jibu mara tatu, na mara tatu nimelichana. Sikufokei. Uliuliza kwa adabu, na uliona vizuri.

Msimngoje mtu wa nje kutoka mbali. Wewe una mikono.

Antoni


Nansio
8 Machi 1998

Shikamoo Baba mdogo,

Sijui kama barua mbili nilizokutumia Desemba na Januari zilifika. Mvua za mwaka huu zimekata barabara kila upande, na meli ilisimama wiki nzima. Ziwa limepanda mpaka kwenye mawe ya kuanikia dagaa. Sote wazima, na bata ndio wanaofurahia kuliko wote.

Mtumbwi umekwisha. Nakuandikia kwa utaratibu, ingawa mikono inataka kukimbia.

Ulipoandika kwamba nina mikono, nilikasirika siku mbili. Nilikuwa nimeweka akili yangu yote kwenye kumtazama baba anafanya kazi, na sikuwahi kufikiri kwamba kazi imesimama huku mimi nimekaa kando yake na mikono mitupu, miaka miwili sasa. Nikamwendea. Nikamwambia, baba, nje nitakaa mimi. Akauliza, "Na mashine yako?" Nikasema mashine itajitazamia yenyewe.

Nikaiweka juu ya miguu yake upande wangu wa nje, ikielekea ubavu wa mtumbwi. Ukitazama kaseti hiyo unaona mbao, mstari wa matundu, kiwiko changu kinaingia na kutoka. Baba haonekani kabisa. Anasikika tu.

Saa ya kwanza nilikosea kila kitu. Niligonga mara mbili nilipotaka tatu, yeye akalegeza, kamba yote ikachomoka. Kutoka ndani akasema, "Antoni angekuwa ameshanitukana mimi kwa kosa lako." Macho yake sasa hayana msaada kwake, lakini kazi ile niliona haitaki macho, ni kidole na sikio. Mchana tukapata mwendo. Nagonga mara tatu, nasukuma, anavuta, anagonga mara moja. Hatukusema neno labda saa nzima.

Halafu akaanza kuzungumza, kwa sauti ya chini, ndani ya mbao. Nadhani kwa kuwa alikuwa hanioni na mimi simwoni, aliweza. Nimeandika kama ilivyo kwenye kaseti.

"Wewe unagonga kama mama yetu alivyokuwa anapiga hodi. Antoni alikuwa anagonga haraka haraka, kama mtu aliyeacha chungu motoni. Lakini alikuwa anagonga. Siku ile tu. Nilikuwa nimeshaondoa kidole, nangoja. Nikamsikia huko nje anacheka. Anacheka peke yake mpaka mbao inatikisika. Nikasema, huyu anacheka nini? Nikaweka jicho."

Hapo kamba imesimama tunduni. Kiwiko changu hakisogei.

"Tundu lenyewe dogo, sikuona kitu. Hakunichoma. Nilijichoma mwenyewe. Tumekatazwa tangu watoto, nikaweka jicho kwa sababu nilitaka na mimi nicheke. Mama akasema tuseme ni mwiba, tukasema. Mimi nikiwa bado nimefungwa vitambaa hospitali, siku ya tisa wananiambia Antoni amepanda meli. Sikupata kumwambia. Sasa mwandikie. Mwambie hivi nilivyosema. Na umuulize alikuwa anacheka nini. Miaka yote hii nimekaa na swali hilo, linanijia nikilala, nikila, nikiwa kanisani. Alikuwa anacheka nini?"

Kaseti iliisha hapo hapo. Sikujua. Tulikuwa tumebakiza matundu kumi na moja, tukayamaliza, na kugonga kwa mwisho, mara moja, imekaza, hakumo kwenye filamu. Nilipogundua nilikaa chini nikajiona mjinga. Baba akaniita kutoka ndani, "Uko nje?" Nikasema, niko nje baba. Akasema, "Basi njoo unitoe, miguu imekufa ganzi."

Tuliuingiza majini Jumapili baada ya ibada. Ngosha alikuja kutoka Igoma kwa ajili hiyo tu, na tai shingoni. Alipitisha kidole kwenye mshono wote, kutoka mwanzo mpaka mwisho, bila utani. Kisha akasema, "Mzee, unavuja." Baba akamwambia, "Utavuja siku tatu, kamba zivimbe, uache. Wako haujavuja bado, na ukianza hauachi." Wanaume sita waliuvusha kwenye magugu maji, baba amekaa katikati anaelekezwa na kila mtu, anawajibu wote kwamba anajua njia.

Filamu ina dakika sabini na moja. Nimeionyesha ukumbi wa kanisa hapa Nansio. Mzee mmoja mbele yangu alikuwa anagonga benchi mara tatu kabla ya kila sindano, na nafikiri hakujua kwamba anafanya hivyo.

Upasuaji wa jicho ni mwezi wa tano. Baba anasema akiona, anataka kukuona wewe kwanza, atajua kama umezeeka vibaya kumzidi.

Utakuja, Baba mdogo? Nakuuliza kwa mara ya mwisho, kisha sitakusumbua tena.

Mwanao,
Nyanjura


Kabwe
26 Aprili 1998

Mama yangu Nyanjura,

Marahaba. Ni miaka thelathini na mitano, miezi saba na siku kumi na mbili. Barua zako za Desemba na Januari hazikufika, hii ya Machi imefika, na inatosha.

Sote tu wazima. Mjukuu anakula dagaa sasa, mradi wasiwe na macho.

Keti na baba yako umsomee hii polepole. Msiwe na mtu mwingine isipokuwa mama yako.

Ilikuwa Jumatano, tarehe 5 Septemba 1962, kama saa tatu asubuhi. Mimi nje, kaka ndani, mshono wa tatu upande wa kulia. Mama yetu alikuwa kwenye mawe anaanika furu, wale samaki wadogo ambao unaniambia siku hizi hawaonekani. Wewe hukumjua bibi yako. Alikuwa kiongozi wa akina mama kanisani, mtu ambaye watoto wa mtaa mzima walinyamaza akipita. Sikuwahi kumwona akicheza, hata arusini.

Asubuhi ile alidhani yuko peke yake, maana mtumbwi ulitukinga, ila mimi nilimwona kwa pembeni yake. Akaweka ungo chini. Akashika gauni lake kwa mikono miwili, akalipandisha mpaka magotini, akaanza kumwigiza Padre wetu mnene anavyoshuka mtumbwini akiogopa maji. Hatua moja, anatazama huku na huku. Hatua ya pili, anataka kuanguka, anajishika kwa mtu asiyekuwepo. Kisha, mguu mmoja ukiwa hewani, akayabariki maji yasimguse. Alifanya kwa ukamilifu. Alikuwa na kipaji ambacho hakuna aliyewahi kukijua, nami nadhani wewe ulikipata kwake, kwa maana lazima awe alimtazama mtu yule kwa miaka, kimya.

Nilicheka mpaka machozi. Mkono ukaendelea na kazi wenyewe, kama unavyozoea, na sikugonga.

Kaka anasema alijichoma. Aseme apendavyo, nampenda kwa kusema hivyo. Tundu lile lilikuwa na watu wawili, yeye alikosa kwa jicho na mimi kwa mkono.

Mama ndiye aliyefika wa kwanza. Na ndiye aliyesema ni mwiba, kwa sababu kwetu mtumbwi uliomwaga damu ya mshonaji hakuna angeupanda. Lakini mimi nilijua jambo ambalo yeye hakulijua. Kaka akipona angeniuliza nilikuwa nacheka nini. Angeuliza mbele ya mama. Nikisema kweli, mama angejua kwamba jicho la mwanawe wa kwanza lilipotea kwa mchezo wake wa dakika moja, na ninavyomjua, asingejisamehe, na asingecheza tena hata peke yake. Nikisema uongo, kaka angeniona. Alikuwa ananisoma hata kupitia mbao. Siku tisa nilizunguka na swali ambalo lilikuwa bado halijaulizwa, kisha nikapanda meli.

Mama alifariki mwaka 1971 bila kujua. Sikuja kumzika. Baada ya hapo sababu yangu ya kukaa mbali ilikuwa imekwisha, na aibu ya kukaa mbali ikachukua nafasi yake. Miaka hupita haraka kwa namna hiyo.

Kwa hiyo nakujibu wewe mwenye jina lake, umsomee yeye. Alikuwa anacheza, Masatu. Alikuwa analibariki ziwa kama Padre, mguu mmoja juu. Nataka ucheke. Nimekuwekea kicheko hicho muda mrefu mno.

Kuhusu filamu, usiyaigize upya yale matundu kumi na moja. Najua wapo watakaokushauri. Yaache yakose. Mtu akitazama dakika sabini na moja atajua kwamba yalishonwa, kwa kuwa mtumbwi unaelea. Nitumie nakala kwa njia ya Precious, ana mashine hospitalini kwao. Nitakwenda Kitwe kuitazama, nami nitakaa mpaka mwisho.

Sasa swali lako. Mwezi wa kwanza nilitengeneza pasipoti mpya, sikukwambia. Iko mezani hapa karibu na barua yako. Nilikuwa nimeshauliza habari za treni. Kisha barua ilipofika niliisoma mara nne, nikaona kwamba nilikuwa nataka kuja kukaa nje ya mtumbwi ule, nimalize nilipoachia, na pale nje sasa pana mtu. Usifikiri nasema kwa uchungu. Siku ile niliyosoma kwamba umegonga mara tatu kabla ya kila tundu, nililala mchana kama mtoto.

Huku pia pana mahali pangu. Kando ya mke wangu pamepimwa futi sita kwa tatu, na kila Jumamosi napalilia pote pawili. Mwambie kaka akapasuliwe jicho bila woga. Akiona, atazame ziwa, atazame wewe, atazame bata. Sura yangu aiache ilivyokuwa asubuhi ile, ni nzuri kuliko hii.

Nimegonga mara moja hapa kwenye meza. Anajua maana yake.

Sitarudi.

Baba yako mdogo,
Antoni Bwire